Mauaji ya Walakota kwenye filamu ya katuni: je, ni kuwakosea heshima marehemu?

Swali: Mimi ni mama wa watoto watatu, mzaliwa wa Kigoma, sasa naishi Sioux Falls katika jimbo la South Dakota, Marekani. Mwanangu wa miaka 11 alionyeshwa shuleni filamu fupi ya katuni kuhusu Walakota, kabila la wenyeji wa asili wa Marekani, waliouawa na jeshi zamani. Alirudi kimya, na usiku akaniuliza kwa nini askari waliwapiga watoto risasi. Sikuwa na jibu. Nilipoitazama mwenyewe nilikasirika, maana kwetu msiba hauchorwi katuni. Je, huku si kuwakosea heshima marehemu? Tena kitu kilichochorwa na mtu kitaaminiwaje kuwa ni historia? Nimkataze mtoto asiitazame tena?

Jibu: Dada yangu, pole sana, na mtoto mpe pole yangu pia. Hukutaja jina la filamu, kwa hiyo siwezi kuihukumu hiyo uliyoiona. Lakini nimefundisha filamu za kumbukumbu kwa muda mrefu, na msimamo wangu ni huu: katika njia zote za kuonyesha yaliyowapata Walakota, mchoro ndio unaowastahili zaidi. Chombo kilichowakosea heshima marehemu wale ni kamera. Nitalieleza hilo, ila nianze na swali la mtoto, maana ndilo zito kuliko yote.

Filamu nyingi za aina hii zinahusu tarehe 29 Desemba 1890, kando ya kijito cha Wounded Knee, katika Pine Ridge, eneo walilotengewa Walakota, upande wa kusini-magharibi wa jimbo hilohilo unaloishi. Wiki mbili kabla, tarehe 15 Desemba, chifu wa Walakota Sitting Bull aliuawa kule Standing Rock, eneo lao jingine, na polisi waliotumwa kumkamata nyumbani kwake. Habari zikamfikia chifu mwingine, Spotted Elk, ambaye askari walizoea kumwita Big Foot. Huyu alijulikana kwa usuluhishi. Machifu wa Pine Ridge walikuwa wamemwomba aje kuwapatanisha, wakamwahidi farasi 100. Akaondoka na watu wake wapatao 350, wengi wao wanawake na watoto, katika baridi kali. Njiani nimonia ikamwangusha, akawa anasafiri amelala kwenye gari la farasi.

Jeshi liliwakuta tarehe 28, wao wakiwa wamepandisha bendera nyeupe. Walipelekwa hadi kijitoni, wakapiga mahema, wakalala wamezungukwa na askari wapatao 500 chini ya Kanali James Forsyth wa Kikosi cha 7 cha Wapanda Farasi. Mlimani juu yao ilisimikwa mizinga minne aina ya Hotchkiss. Asubuhi wanaume wakaketishwa mbali na familia zao ili wasalimishe bunduki, huku askari wakipekua mahema ya akina mama na kubeba shoka na visu vya jikoni. Katika purukushani ya kumnyang'anya kijana mmoja bunduki, risasi ikatoka. Basi. Kilichofuata ni kupiga kila aliyesogea. Mizinga ikageuziwa mahema, na waliokimbilia korongoni wakafuatwa humohumo.

Wanahistoria wanakadiria waliouawa kuwa kati ya 150 na 300. Askari 25 walikufa, baadhi yao kwa risasi za wenzao. Siku ya mwaka mpya daktari Charles Eastman, mwenyewe Mdakota, ndugu wa Walakota, alitoka kwenda kutafuta majeruhi baada ya dhoruba ya theluji kutulia. Maiti ya kwanza aliyoikuta ilikuwa ya mwanamke, kiasi cha kilomita 5 kutoka kijitoni. Mtu akikuambia yalikuwa mapigano yaliyowaponyoka makamanda, mkumbushe mwanamke huyo. Kilomita 5 kwenye theluji, anakimbia, na bado wakamfikia.

Kwa nini, basi? Mtoto anastahili jibu la kweli, na jibu lina ardhi ndani yake. Mkataba wa Fort Laramie wa 1868 uliwaachia Walakota na ndugu zao eneo kubwa, pamoja na milima ya Black Hills. Mwaka 1874 msafara wa jeshi ukatangaza kwamba milimani kuna dhahabu. Mwaka 1877 serikali ikaichukua. Mwaka 1889 eneo lililobaki likakatwakatwa vipande, posho ya nyama ikapunguzwa, njaa ikaingia. Katika hali hiyo ndipo ilipowafikia dini mpya ya Wovoka, mtu wa kabila la Wapaiute kule Nevada, aliyefundisha kwamba watu wakicheza ngoma aliyowapa, wafu wao watarudi na nyati watajaa tena nchini. Walakota wakashona mashati waliyoamini kuwa risasi haiyapenyi. Mtu aliyesoma shule Tanzania hahitaji kuelezwa zaidi. Miaka 15 baadaye, kule Ngarambe, Kinjekitile Ngwale aligawa maji kwa watu waliochoshwa na kulimishwa pamba ya Mjerumani. Maofisa wa Marekani walitazama watu wenye njaa wakicheza ngoma ya kuwaita marehemu wao, wakaona maandalizi ya vita, wakaita jeshi.

Sasa tuje kwenye kamera. Mpiga picha alifika Wounded Knee kabla ya marehemu kuzikwa. Mauaji yalikuwa Jumatatu. Dhoruba ikashuka, na maiti zikabaki nje hadi tarehe 3 Januari 1891, watu waliolipwa na jeshi walipochimba handaki mlimani na kuzika humo miili 146. Katika siku hizohizo alikuwepo George Trager, mpiga picha kutoka mji wa Chadron, Nebraska. Alizipiga picha maiti zilizotapakaa, maiti zilizorundikwa garini, handaki likijazwa. Kisha picha hizo ziliuzwa, watu wakanunua, wakapeana.

Moja yake huenda umeshaiona, kwa sababu vitabu vingi vimeichapa. Spotted Elk amelala kwenye theluji, kitambaa kimefungwa kichwani, mwili umeganda huku kifua kimeinuka nusu, mikono imekakamaa mbele yake kana kwamba anataka kuamka. Mzee wa usuluhishi, mgonjwa, chini ya bendera nyeupe, na dunia inamjua kwa maiti yake. Wewe umesema kwetu msiba hauchorwi. Ni kweli. Lakini kwetu pia ni nani angemruhusu mgeni kufunua sanda ya mzee wa ukoo, ampige picha, aiuze sokoni?

Haikuishia hapo. Septemba 1894, bado miaka minne haijatimia, studio ya Edison kule New Jersey iliwarekodi Walakota wa kundi la maonyesho la Buffalo Bill wakicheza, na filamu ikatangazwa kuwa ni ile ngoma ya kuwaita wafu. Sekunde chache za burudani. Mwaka 1913 Buffalo Bill mwenyewe alikwenda Pine Ridge na mafundi wa filamu kuigiza mauaji yale, karibu na mahali penyewe, na wenyeji wakatakiwa kukimbia na kuanguka mbele ya kamera karibu na kaburi la ndugu zao. Na kuna Zintkala Nuni, mtoto mchanga aliyekutwa hai siku nne baada ya mauaji chini ya mwili wa mama yake, kichwani ana kofia ya shanga yenye bendera ya Marekani. Leonard Colby, jenerali wa askari wa akiba wa Nebraska, alimchukua kama kumbukumbu ya vita, akawa bintiye wa kulea. Alipokua alitangatanga kutafuta ndugu zake, na kwa kukosa riziki aliigiza kama Mhindi Mwekundu katika filamu za zama zile zisizo na sauti. Alifariki California mwaka 1920. Mwaka 1991 ndugu walimrudisha, wakamzika Wounded Knee.

Kwa historia hiyo, anayetaka kuwakumbuka watu hawa kwa filamu ana kazi ngumu, kwa sababu karibu kila picha halisi iliyopo ilipigwa na upande wa walioua. Huwezi kuwaona wakicheka. Huwezi kuwaona wakifunga mizigo, wakigombezana na watoto, wakimsogezea mgonjwa blanketi. Hakuna aliyewapiga picha wakifanya hayo siku zile. Ni mchoro tu unaoweza kuturudishia asubuhi ile kabla haijaharibika.

Tena mchoro kwao si jambo la kuazima. Walakota walitunza historia kwa kuchora. Walihesabu mwaka kuanzia theluji ya kwanza hadi theluji ya kwanza iliyofuata. Wazee walikaa, wakakubaliana ni tukio gani litabeba jina la mwaka huo, na mtunzaji akalichora kwenye ngozi ya nyati, picha moja kwa mwaka mmoja. Kwenye ngozi nyingi safu inaanzia katikati na kuzunguka kwenda nje. Novemba 1833 mvua kubwa ya vimondo iliwasha anga lote la Marekani, na karibu watunzaji wote, hata wa kambi zilizo mbalimbali, walichora nyota zinazoanguka. Kwa picha hiyo wataalamu wa leo wanaweza kuilinganisha miaka ya ngozi moja na ya nyingine. Mwaka wa ndui ni mtu mwenye madoa mwili mzima. Mtunzaji aliweka kidole juu ya picha, akausimulia mwaka kwa mdomo: nani alikufa, nani aliiba farasi wa nani, baridi ilikuwaje. Mchoro mdogo na sauti ya msimulizi juu yake, mwaka baada ya mwaka. Anayetengeneza filamu fupi ya katuni kuhusu Walakota anafanya kazi ambayo tayari ina kiti chake katika nyumba yao.

Nyati walipomalizwa, ngozi zikaadimika, na wachoraji wakahamia kwenye madaftari ya hesabu ya wafanyabiashara na maofisa wa jeshi. Mwaka 1881, katika eneo la Cheyenne River, mpiganaji aitwaye Red Horse alimchorea daktari wa jeshi Charles McChesney michoro 42 ya vita vya 1876 vya Little Bighorn, ambako kamanda Custer na Kikosi hichohicho cha 7 walishindwa. Red Horse alikuwa Mminiconjou, wa tawi lilelile la Spotted Elk. Katika kurasa zake farasi wa rangi mbalimbali wamejaa ukurasa mzima wakielekea upande mmoja, na kwenye kurasa nyingine ni maiti, za adui na za kwao, bila majigambo. Ukizifungua haraka, karatasi baada ya karatasi, macho yako yanaanza kuona mwendo.

Umeuliza kitu kilichochorwa kitaaminiwaje. Mchoro haujifichi: ukiutazama tu unajua kuna mkono wa mtu, na unaweza kuuliza mkono huo ni wa nani na uliambiwa na nani. Picha za Trager zilijifanya hazina mwenyewe, kana kwamba zilijipiga. Si jambo geni pia kuchora tukio ambalo kamera haikulishuhudia. Mwaka 1918 Winsor McCay alitoa filamu ya katuni ya kuzama kwa meli ya abiria ya Lusitania, na watu wazima waliitazama kama habari ya kweli ya msiba. Ushuhuda wenyewe upo: manusura wa Wounded Knee walisimulia, maneno yao yakaandikwa, na wajukuu wanayasimulia hadi leo. Mchoraji mwaminifu anafuata ushuhuda huo. Asiye mwaminifu unamjua mapema.

Mimi nikitazama filamu ya namna hii kitu cha kwanza ninachohesabu ni dakika. Kama filamu ni ya dakika tano na risasi ya kwanza inalia kwenye dakika ya kwanza, mtengenezaji alivutiwa na mauaji kuliko watu. Nataka nipewe muda wa kuwajua. Kisha natega sikio: je, Kilakota kinasikika? Nani anasimulia, mzee wa ukoo au sauti nzito ya tangazo la biashara? Je, nguo ni za majira ya baridi, au wamevikwa manyoya ya sherehe ambayo hakuna aliyeyavaa akikimbia baridi? Mauaji yenyewe yanaonyeshwaje? Filamu nzuri huwa na haya mahali hapa. Huondoa macho kwenye miili, hutuachia sauti, au huganda kwenye kitu kimoja kidogo. Wachoraji wengine huiacha karatasi ibaki nyeupe. Damu nyingi kwenye katuni ni ile biashara ya 1891 imerudi kwa rangi.

Katuni pia inamlazimisha mchoraji kukaa na watu wake. Filamu ya kuchorwa kwa mkono hutumia kwa kawaida michoro 12 kwa sekunde, kila mmoja ukionyeshwa mara mbili. Dakika tano ni michoro 3,600. Mtu hawezi kuchora uso wa bibi mmoja mara mamia bila kujiuliza alikuwa anafikiria nini.

Kosa linalonikera kuliko yote ni filamu kuishia kwenye theluji. Korongo limetulia, upepo unavuma, jina la filamu linapanda, na mtoto anaondoka akidhani Walakota waliisha siku ile. Huo ni uongo, hata kama kila kilichotangulia ni kweli. Mwaka 1973 Walakota na wanaharakati wenzao walikishikilia kijiji cha Wounded Knee kwa siku 71 wakidai mikataba iheshimiwe. Mwaka 1980 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwamba Black Hills zilichukuliwa bila fidia halali, ikaidhinisha malipo ya zaidi ya dola milioni 100. Walakota wamekataa kuzipokea, wanataka milima. Mwaka 2011 katuni maarufu ya familia ya dubu ilitiwa sauti za Kilakota ili watoto waisikie lugha ya babu zao sebuleni. Mwaka 2022 makabila ya Kilakota ya Oglala na Cheyenne River yalinunua ekari 40 pale Wounded Knee.

Wala ugomvi haujaisha. Askari wapatao 20 walipewa nishani ya juu kabisa ya kijeshi kwa kazi ya siku ile. Mwaka 1990 Bunge la Marekani lilieleza masikitiko yake, lakini nishani hazikufutwa. Mwaka 2024 Wizara ya Ulinzi iliamuru zipitiwe upya, na Septemba 2025 waziri mpya, Pete Hegseth, akatangaza kwamba askari wale watabaki nazo. Kwa hiyo mwalimu aliyeionyesha filamu hiyo darasani South Dakota hakufungua kitabu kilichofungwa.

Nimkataze mtoto? Hapana, dada. Keti naye. Itazameni tena mchana, na uisimamishe kabla ya risasi. Mwulize watu wale walikuwa wanafanya nini, nani alikuwa mgonjwa, farasi walikuwa wa rangi gani. Watoto hukumbuka farasi. Mwache awafahamu wakiwa hai, kisha endeleeni. Akirudia swali lake, mwambie ukweli kwa maneno yako: kulikuwa na watu walioitaka ardhi, wakafundishwa kuwaogopa wenyewe wa ardhi hiyo, wakapewa mizinga, na baadaye wakubwa wao wakawapa nishani ili wasione kuwa wamekosea. Usimwambie ni mambo ya kale. Atasoma na watoto wa Kilakota, huenda yuko nao darasani sasa hivi, na watoto hao wanajua majina ya waliozikwa mle.

Ukitaka kisa cha kumtia nguvu, msimulie cha vijana wa Rosebud, eneo jingine la Walakota. Mwaka 1879 serikali ilifungua Carlisle, Pennsylvania, shule ya bweni ya kuwafuta watoto wa wenyeji lugha na mila zao, na kati ya wanafunzi wa kwanza walikuwemo wa Rosebud na Pine Ridge. Wengine walifia huko, wakazikwa huko. Mwaka 2015 kikundi cha vijana wa Rosebud kilipita Carlisle, kikaona makaburi, wakawauliza wakubwa wao kwa nini hawa hawajarudishwa nyumbani. Julai 2021 mabaki ya watoto tisa yalirudi Rosebud. Mwanao ana umri wa kukielewa kisa hicho vizuri.

Na mwalimu mwandikie, bila ugomvi. Mwombe awaarifu wazazi mapema filamu ya namna hii inapoonyeshwa, na baada yake darasa limsikilize Mlakota aliye hai. Kila Desemba wapanda farasi hufuata njia ya Spotted Elk kutoka kaskazini hadi Wounded Knee, na watoto wa umri wa mwanao wamo. Safari hizo zilianza mwaka 1986, zikaendelea hadi 1990, mwaka wa mia, walipofanya ibada ya kufuta machozi. Kwa lugha ya kwetu ni kuanua matanga yaliyokaa karne nzima. Hata baada ya hapo vijana hawakuacha kupanda. Kama siku moja mtakwenda kuwaona wakifika, vaeni nguo nzito, simameni pembeni na wageni wengine, na mwambie mtoto simu ibaki mfukoni mpaka mwenyeji atoe ruhusa.